Puto la saa nane usiku

*Mvua zetu, vimbunga vyetu na safari zetu za ndege hupangwa na hewa iliyo juu kuliko kilele cha Kilimanjaro. Hewa hiyo tunaipima kwa maputo machache mno, na usiku ambao puto halikuruka haufidiwi.*

Saa nane na nusu usiku Barabara ya Ngong, Nairobi, imetulia. Pale Dagoretti Corner, makao makuu ya Idara ya Hali ya Hewa ya Kenya, zamu ya usiku ndiyo kwanza inaingia kwenye kazi yenyewe.

Chumba cha gesi hakiingiwi ovyo. Simu inaachwa nje. Nguo za nailoni hazitakiwi, kwa sababu zikisuguana hutoa cheche, na cheche moja inatosha kulipua haidrojeni. Mezani limelazwa puto la mpira mweupe, limepakwa unga kama mtoto aliyetoka kuogeshwa. Gesi ikifunguliwa, linajikunjua taratibu na kuinuka, mpaka upana wake unapita mita moja na nusu. Halishikwi kwa kucha wala kwa pete, maana mkwaruzo mdogo wa hapa chini huko juu unakuwa mpasuko.

Pembeni kuna kiboksi cheupe, chepesi kuliko simu ya mkononi. Wenyewe wanakiita radiosondi. Ndani yake mna betri, redio ndogo na kipokezi cha GPS. Kwa nje kimechomoza kiulimi chembamba kilichopinda, na hicho ndicho kinachoonja joto na unyevu wa hewa. Kabla ya kufungwa kwenye puto, kiboksi kinahakikiwa kwenye kifaa maalumu. Kikisoma vibaya, kinawekwa kando.

Kisha puto linatolewa uani, linasubiriwa litulie, linaachiwa. Uzi mrefu unajifungua wenyewe ili kiboksi kining'inie mbali na puto, kisije kikapima joto la mpira badala ya joto la hewa. Linapaa mita 5 hivi kwa sekunde. Robo saa baadaye limeshaipita Kilimanjaro kwa kimo. Nusu saa, liko kwenye njia za ndege za abiria. Likipita saa moja na nusu linakuwa limefika kilomita 30 na ushei. Hewa ya huko ni nyembamba mno, puto limefura hadi upana wa mita kadhaa, na linapasuka. Kiboksi kinateremka kwa mwavuli wake mdogo.

Safari nzima kimekuwa kikituma habari: joto, unyevu, mgandamizo wa hewa, kasi ya upepo na unakoelekea. Muda mfupi baadaye namba hizo zimeshaingia kwenye kompyuta za utabiri za Ulaya, Marekani na Asia. Saa hiyo haikuchaguliwa kwa bahati. Saa tisa usiku kwetu ni saa sita kamili ya usiku kwa saa za Greenwich, na vituo vya dunia nzima hurusha maputo yao kwa kuilenga saa hiyo. Wakirudia mara ya pili, hulenga saa tisa alasiri. Hivyo dunia inapata picha moja ya anga yake, mara mbili kwa siku.

Katika picha hiyo, Afrika ni sehemu kubwa iliyo tupu.

Kusi lililo juu ya vichwa vyetu

Sisi tuliokulia pwani tulifundishwa pepo kabla ya kufundishwa kusoma. Kaskazi lilileta majahazi kutoka Uarabuni, kusi likayarudisha. Mzee aliyekaa barazani alijua kwa kunusa tu kwamba kusi limekaza.

Ambalo mzee hakuweza kulijua ni kwamba kusi analolisikia usoni ni pindo tu la kitambaa. Kitambaa chenyewe kiko kilomita moja hadi moja na nusu juu ya kichwa chake. Aliyekionyesha vizuri ni John Findlater, mtaalamu wa hali ya hewa wa Uingereza aliyechambua vipimo vya upepo vya Afrika Mashariki na kuchapisha matokeo yake katika miaka ya 1960, hasa mwaka 1969.

Vipimo hivyo vilitokana na maputo madogo yasiyo na chombo chochote. Mtu wa kituo kama cha Garissa aliachia puto, akalifuata kwa jicho kupitia theodolaiti, darubini ya kupimia pembe, akiziandika pembe hizo dakika baada ya dakika hadi likapotelea mawinguni. Katika karatasi hizo, Findlater aliona mkondo wa upepo mkali unaotoka Bahari ya Hindi upande wa kusini, ukivuka ikweta kando ya nyanda za juu za Kenya, ukipita Somalia na kugeukia Bahari ya Arabuni. Ndio unaobeba sehemu kubwa ya maji ya masika ya India. Wataalamu wa dunia nzima wanauita kwa jina lake.

Napenda kulikumbuka jambo hili kila ninaposikia kwamba kupima anga ya juu ni anasa ya mataifa tajiri. Mojawapo ya mikondo mikubwa ya upepo duniani ilijulikana kwa sababu mtu wa Garissa alikuwa na puto, theodolaiti na daftari, na siku ya kazi hakukosa kazini.

Ziwa Victoria, mwaka 1908

Kisa cha nyuma zaidi ni cha Arthur Berson wa kituo cha uchunguzi wa anga cha Lindenberg, Ujerumani. Huyu si mtu wa kukaa ofisini. Julai 31, 1901, yeye na Reinhard Süring walipaa ndani ya kikapu cha puto kilicho wazi hadi mita 10,800 hivi, wakazimia kwa kukosa hewa, na wakarudi chini wakiwa hai.

Mwaka 1908 Berson alikuja Afrika Mashariki na mwenzake Hermann Elias, wakiwa na maputo yaliyobeba vyombo vya kujiandikia vyenyewe. Walirusha kwenye Ziwa Victoria na upande wa pwani. Redio ya kutuma vipimo ilikuwa bado haijafikiriwa. Radiosondi za kwanza zilikuja mwishoni mwa miaka ya 1920, kwa Robert Bureau wa Ufaransa, na Pavel Molchanov wa Urusi akafuata Januari 1930. Kwa hiyo puto likishapasuka ilibidi watu walitafute, walipate, ndipo wasome kilichoandikwa.

Walichokisoma kiliwashangaza. Juu ya ikweta, mahali ambapo jua linachoma kuliko kwao, baridi ya kimo cha kilomita 17 na kuendelea ilikuwa imeshuka kupita nyuzi 80 chini ya sifuri. Anga ya juu ya Ziwa Victoria ni ya baridi kuliko anga ya Ulaya ya kimo hicho hicho. Sababu ni kwamba joto la kwetu linaisukuma hewa ipande mbali zaidi kabla ya kusimama, na hewa inayopanda hupoa.

> Katikati ya joto la ikweta, kilomita 17 juu ya ziwa, baridi ilikuwa imepita nyuzi 80 chini ya sifuri.

La pili lilikuwa fumbo. Mlima Krakatoa wa Indonesia ulipolipuka mwaka 1883, vumbi lake liliizunguka dunia juu ya ikweta kutoka mashariki kwenda magharibi. Wataalamu wakahitimisha kwamba huko juu upepo unatoka mashariki siku zote. Maputo ya Berson yakakuta upepo wa magharibi. Nani mkweli?

Wote. Miaka 50 hivi baadaye, mwanzoni mwa miaka ya 1960, Richard Reed wa Marekani na Robert Ebdon wa Uingereza, kila mmoja kwa njia yake, waligundua kwamba upepo huo hugeuka. Unavuma kutoka mashariki kwa mwaka mmoja na kitu, kisha unatoka magharibi, na mzunguko mzima huchukua wastani wa miezi 28. Hakuna ambaye angeuona mgeuko huo kwa safari moja ya utafiti. Ulionekana kwa sababu vituo vya ikweta vilikuwa vimerusha puto baada ya puto kwa miaka bila kuruka siku.

Wala si mambo ya huko mbali yasiyotuhusu. Mwaka 2000 Matayo Indeje na Fredrick Semazzi walichapisha utafiti unaohusisha mgeuko huo wa pepo na mvua za msimu za Afrika Mashariki. Mkulima wa Kitui anayesubiri masika ana uhusiano na upepo ulio kilomita 20 juu ya shamba lake.

Turkana iliisahihisha kompyuta

Tukija karibu na wakati wetu, mfano unaonishawishi kuliko yote uko kaskazini mwa Kenya.

Kati ya nyanda za juu za Ethiopia na nyanda za juu za Kenya kuna uwazi kama mlango, na upepo ukiingia mlangoni huongeza mbio. J. H. Kinuthia na G. C. Asnani waliutangaza mkondo huo kwa wataalamu mwaka 1982. Leo anayefika Loiyangalani hahitaji kuambiwa: kuna mitambo 365 ya umeme wa upepo, yenye uwezo wa megawati 310, iliyowekwa pale kwa sababu upepo hauchoki.

Mkondo huo wa Turkana hubeba unyevu wa bahari na kuupeleka bara ya mbali bila kuuacha unyeshe njiani. Ukiwa na nguvu, Kaskazini hukauka. Ukitaka kutabiri ukame wa Marsabit au mvua ya upande wa magharibi, huna budi kuujua mkondo huo ulivyo.

Mwaka 2021 watafiti wa Uingereza na Kenya walikwenda kuupima kwa radiosondi, mara kadhaa kwa siku, usiku na mchana. Walikuta upepo una kasi kuliko ulivyoonyeshwa na seti za data za kompyuta zinazotumiwa na dunia nzima kueleza hali ya hewa ilivyokuwa. Nguvu yake zaidi huja usiku wa manane, watu wamelala.

Kompyuta hizo hazikuwa mbovu. Zilikisia kwa sababu hapakuwa na aliyezipa namba. Pasipo puto, kompyuta hujaza pengo kwa hesabu, na ramani inayotoka hapo inapendeza macho sawasawa na ramani ya mahali palipopimwa. Anayeitazama kwenye simu yake hawezi kutofautisha.

“Satelaiti si zipo?”

Hilo ndilo swali la kwanza kwenye meza ya bajeti, na ni swali halali.

Radiosondi hutumika mara moja. Chombo, puto na gesi, ukijumlisha na kazi ya watu, ni mamia ya dola zinazopotelea hewani kila mara, na vifaa vyenyewe huagizwa nje kwa fedha za kigeni. Heliamu ni ghali, kwa hiyo vituo vingi hutengeneza haidrojeni kwa kupasua maji kwa umeme. Mtambo ukiharibika au shehena ya radiosondi ikichelewa, kituo kinakaa kimya, wafanyakazi wapo na mshahara wanapokea. Waziri mwenye zahanati zisizo na dawa ana haki ya kuuliza kama hizi ndizo pesa za kutupa angani.

Kisha kuna satelaiti. Sehemu kubwa sana ya data inayoingia kwenye kompyuta za utabiri sasa hutoka huko. Julai 2025 Ulaya ilirusha satelaiti ya MTG-S1, yenye uwezo wa kusoma joto na unyevu tabaka kwa tabaka ikiwa imetulia juu ya ikweta. Ndege za abiria nazo hupima upepo na joto zikiwa safarini na kutuma. Tena kuna suala la taka: maelfu ya viboksi vyenye betri na vipande vya mpira huanguka mashambani na baharini, vingi haviokotwi. Hilo linaniuma, na wanaotengeneza vyombo hivi wanapaswa kusukumwa watumie vitu vinavyooza.

Nimezipima hoja hizi kwa muda mrefu, na bado nasimama upande wa puto.

Satelaiti inasoma vizuri joto. Kinachoisumbua ni upepo. Kule Ulaya, ukijua joto na mgandamizo umeshajua karibu upepo wote, kwa sababu mzunguko wa dunia huufunga upepo kwenye mgandamizo kama chanda na pete. Kadiri unavyokaribia ikweta, nguvu hiyo hupungua hadi sifuri. Nairobi, Kampala, Mwanza na Kisangani haziwezi kukisiwa namna hiyo. Upepo wa hapa lazima upimwe wenyewe. Ulaya ilikuwa na satelaiti moja ya kupima upepo kwa mwanga wa leza, Aeolus, iliyorushwa Agosti 2018. Ilisaidia sana utabiri wa ukanda wa joto. Mwaka 2023 iliisha muda wake ikarudishwa duniani, na mrithi wake anasubiriwa mwongo ujao.

> Ulaya unaweza kuujua upepo kwa kuujua mgandamizo. Kwenye ikweta, upepo lazima upimwe wenyewe.

Ndege nazo zilitupa jibu mwaka 2020. Korona ilipofunga viwanja, vipimo vya ndege vilianguka kwa takriban asilimia 75 hadi 80 kwa wastani wa dunia. Isitoshe, ndege hazipiti kila mahali. Juu ya sehemu kubwa ya Kongo ni chache, nazo hupima hewa tabaka kwa tabaka pale tu zinapopaa na kutua.

Na satelaiti yenyewe huhakikiwa kwa kulinganishwa na puto. Mwenye duka hawezi kuhakiki mizani kwa kutumia mizani ile ile.

Hata wenye nazo wanajikwaa hapa. Februari 2025 idara ya hali ya hewa ya Marekani ilisimamisha maputo ya Kotzebue, Alaska, kwa upungufu wa watumishi, na vituo vingine vikafuata. Wataalamu wao walilalamika hadharani kwamba utabiri utaumia. Kama taifa lenye makumi ya vituo linaumia kwa kukosa vichache, jirani mwenye kimoja anaumiaje?

Kilomita 500

Oktoba 2021 nchi wanachama wa Shirika la Hali ya Hewa Duniani, WMO, zilikubaliana kuhusu kugawana data bila vikwazo na kuwa na mtandao wa msingi wa vipimo, uitwao GBON. Ulianza kutumika Januari 2023. Kwa anga ya juu, masharti yake ni mafupi: kituo kimoja angalau kila kilomita 500, maputo mawili kwa siku.

Ukipiga hesabu, kila kituo kinabeba eneo la kilomita za mraba 250,000. Tanzania, yenye takriban 945,000, inahitaji vinne hivi. Kenya inahitaji viwili au vitatu. Kongo, yenye zaidi ya milioni 2.3, inahitaji tisa au kumi. Kwa miaka mingi anga ya juu ya Tanzania imewakilishwa na kituo cha Dar es Salaam, na kutoka hapo hadi Kigoma ni zaidi ya kilomita 1,000 kwa mstari ulionyooka.

Pengo la magharibi ndilo linalonisumbua zaidi. Tumezoea kuitazama bahari kama mama wa mvua zetu, lakini siku ambazo upepo wa tabaka za chini unageuka na kuja kutoka bonde la Kongo, Afrika Mashariki hupata mvua zaidi ya kawaida. Utafiti uliotokana na masika makubwa ya 2018 ulilionyesha hilo wazi. Mgeni anaingia kwa mlango wa nyuma, na mlango huo hauna mlinzi.

Kwa wavuvi wa Ziwa Victoria haya ni maisha na kifo. Dhoruba za ziwani hukua usiku, haraka, na kinachoamua kama wingu litakuwa radi au litakufa ni joto na unyevu wa tabaka za kati, mahali ambapo rada haioni kabla mvua haijaanza. Pwani, Mei 2024, Kimbunga Hidaya kilipokaribia Mafia, boti za Dar es Salaam na Zanzibar zilisimamishwa na watu wakakaa roho mkononi. Njia ya kimbunga na uhai wake hutegemea pepo za juu: zikipishana sana kati ya chini na juu, kinachanika, zikikubaliana, kinanenepa.

Makubaliano ya WMO yalikuja na mfuko, SOFF, uliotangazwa Glasgow mwaka 2021 kwa ushirikiano wa WMO na mashirika ya maendeleo na ya mazingira ya Umoja wa Mataifa. Unalenga kulipia si kununua vyombo tu bali kuviendesha, na hapo ndipo miradi mingi ya wafadhili imekuwa ikifia: mtambo unazinduliwa kwa utepe, miaka mitatu baadaye hauna vipuri. Fedha za uwekezaji zinaelekezwa kwanza kwa nchi maskini zaidi na visiwa vidogo. Tanzania, Uganda, Rwanda, Burundi na Kongo zimo katika kundi hilo. Kenya haimo, mzigo wake itaubeba zaidi yenyewe.

Wapo wanaonung'unika kwamba tunawapa matajiri data bure. Naielewa hasira hiyo, ina historia. Ila utabiri tunaousoma hapa huanzia kwenye kompyuta zile zile, na puto la Dar es Salaam linasaidia utabiri wa Dar es Salaam kuliko wa Paris.

Nairobi tayari inaonyesha kinachowezekana ushirikiano ukidumu. Tangu miaka ya 1990, kwa kushirikiana na Uswisi, Dagoretti Corner hupandisha kila wiki puto lenye chombo cha ozoni: pampu ndogo inayovuta hewa na kuipitisha kwenye maji yenye chumvi ya iodini, ambayo hutoa umeme hafifu kadiri ozoni inavyozidi. Tangu 1998 vipimo hivyo vimo pia katika mtandao wa SHADOZ wa NASA. Ni miongoni mwa rekodi chache ndefu za ozoni juu ya bara hili, na imejengwa Jumatano kwa Jumatano.

Maputo mawili kwa siku ni 730 kwa mwaka kwa kila kituo. Kwa vituo vinne vya Tanzania, ni 2,920. Tukikadiria dola 300 kwa puto, gesi na chombo, haifiki dola 900,000 kwa mwaka kwa nchi nzima, kutoka Mtwara hadi Kagera. Juni, bajeti zitakaposomwa Dodoma na Nairobi, mimi nitakuwa nimeshika kalamu nikitafuta hesabu hiyo kwenye vitabu vya mafungu.